Jiwe Mkononi mwa Mtoto: Uhakiki wa Filamu ya "Babies"

Filamu ya "Babies" ya Mfaransa Thomas Balmès, iliyotoka mwaka 2010, inawafuata watoto wachanga wanne tangu kuzaliwa hadi hatua zao za kwanza: mmoja wa Wahimba karibu na Opuwo, Namibia, na wengine wa Mongolia, Tokyo na San Francisco. Haina msimulizi, kamera inatulia na kutazama. Wapo wanaodai kwamba kwa kuwa haisemi, basi haina upande. Tunakusudia kuonyesha kwamba dai hilo ni potofu.

Kwanza tuipe haki yake. Kwa muda mrefu mtoto wa Kiafrika ameingia katika filamu za mabeberu kama ombaomba tu. Hapa ni mtu kamili: anacheka, anakasirika, analelewa na mama na kundi la ndugu zake. Hilo ni jambo la maendeleo, nasi tunalisifu.

Lakini tutazame mwanzo wa filamu. Watoto wawili wa Kihimba wameketi chini wakiponda mawe, kisha wanagombania chupa ya plastiki. Watazamaji hucheka, na sisi tulicheka. Je, chupa ile ilitoka wapi? Ilitoka sokoni, na soko halionyeshwi. Wala haionyeshwi kwamba nchi ile ilitawaliwa na Makaburu hadi uhuru wa mwaka 1990, au kwamba ukame wa mwanzoni mwa miaka ya 1980 uliteketeza sehemu kubwa ya ng'ombe wa Wahimba. Mtoto wa San Francisco amepewa jiji na vitabu. Wa Namibia amepewa vumbi na mifugo, kana kwamba hana historia. Kuwapanga sambamba namna hii ni kumfundisha mtazamaji kuwa tofauti zao ni za mandhari tu, wala si za mahusiano ya uchumi.

Sasa tuichukue kamera hiyo hiyo tuipeleke Mwakitolyo, Shinyanga. Huko nako mtoto akishika jiwe na kuliponda, picha itakuwa ile ile. Lakini jiwe hilo lina dhahabu, na kuliponda ni kazi. Uchunguzi wa Human Rights Watch uliotolewa mwaka 2013, kutokana na ushahidi wa Chunya, Geita na Kahama, ulikuta watoto, wengine wa miaka minane tu, wakifanya kazi katika machimbo madogo, ingawa Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inakataza kazi za hatari kwa watoto.

Zaidi ya hayo, zebaki inapochomwa ili dhahabu ibaki, mvuke wake hauna rangi wala harufu. Mtoto aliye mgongoni mwa mama anauvuta, nao hudhuru ubongo wake unaokua. Kamera iliyo kimya itaona mama, mtoto na moto. Haitaona sumu, wala bei ya dhahabu, wala mnunuzi.

Kwa hiyo tunasema: kutazama peke yake si kujua. Hatudai msimulizi wa kuhubiri. Tunadai kamera ifuate jiwe, kutoka mkononi mwa mtoto hadi kwenye karasha, na kutoka hapo hadi kwa anayenufaika. Filamu ya utotoni isiyouliza nani anafaidi jasho la mtoto humwacha mtoto pale pale ilipomkuta, na mtazamaji huenda nyumbani akiwa amefurahi.