Macho ya Wasiokuwa Uwanjani

Kwa shabiki wa klabu ya Gor Mahia aliye Dunga, kando ya Ziwa Victoria, akitengeneza wavu, au anayesubiri abiria kwenye pikipiki kule Ahero, mechi ya Jumapili ni sauti ya redio tu. Mtangazaji anayeitoa sauti hiyo hupongezwa mara chache.

Kazi yake huanza kabla ya kipenga. Hufika uwanja wa Moi, Kisumu, mapema kusaka orodha ya wachezaji, kisha huoanisha namba na nyuso, kwa kuwa jezi ikiloa matope namba haisomeki. Hana marudio ya picha: bao likifungwa huku mashabiki wamesimama mbele yake, lazima aseme nani kafunga, papo hapo. Hutaja matokeo tena na tena, maana kila dakika kuna aliyefungua redio sasa hivi. Anayetangaza kwa Kidholuo hulazimika pia kueleza kuotea na mtego wake bila kusita.

Mtangazaji mwenzake wa pembeni mwa uwanja husimama juani au mvuani, akiukinga upepo wa ziwa usiingie kwenye kipaza sauti. Hutazama nani anapasha misuli na nani anachechemea. Mwisho humfuata kocha wa timu iliyofungwa, amuulize swali ambalo hakuna anayetaka kulijibu.

Mwaka 1987, Gor Mahia ilipotwaa Kombe la Washindi Afrika, wengi kando ya ziwa waliushuhudia ushindi kwa masikio. Kwa kumbukumbu hiyo, watangazaji wanatudai. Tuwalipe basi, kwa heshima na kwa ujira unaostahili.