Kamera Kando ya Kitanda: Filamu za Allan King

Katika filamu kuu za Allan King (1930–2009) wa Kanada, msimulizi hasikiki. Mtazamaji huachiwa nyuso na sauti, azipime mwenyewe.

Warrendale (1967) ilipigwa katika makao ya watoto wenye misukosuko ya nafsi. Mpishi wao anafariki ghafla. Watoto wanapiga mayowe, na walezi wanawakumbatia kwa nguvu. Shirika la utangazaji la CBC, lililoiagiza filamu hiyo, lilikataa kuionyesha kwa ajili ya matusi ya watoto. Miaka 36 baadaye, katika Dying at Grace, King alikaa na wagonjwa watano wa saratani wasiotarajia kupona, katika hospitali moja ya Toronto, wala hakuzima kamera mauti yalipowadia.

Filamu nyingi za maradhi humtaka mgonjwa awe shujaa: ashinde, au afe akituachia funzo. King hamtwishi mzigo huo. Ustahimilivu, kwake, ni kuimaliza siku pamoja na hofu yake.

Hata hivyo, lipo deni. Katika filamu ya mwaka 2005 kuhusu wazee waliopotewa na kumbukumbu, bibi mmoja anaambiwa kuwa rafiki yake amefariki. Anasahau, anaambiwa tena, naye analia upya. Je, asiyekumbuka msiba wake anaweza kuridhia upigwe picha? Filamu haijibu. Lakini anayeyafumba macho kwa kisingizio cha heshima naye humwacha mgonjwa peke yake.