Safari kama Riziki: Pengo katika Uhakiki wa Nyimbo za Mbaraka Mwinshehe

Uhakiki wa nyimbo za Mbaraka Mwinshehe Mwaruka (1944–1979) umeelemea mno upande wa maudhui. Nyimbo huchukuliwa kuwa mashairi, kisha dhamira zake huorodheshwa: mapenzi, ndoa, siasa, ugumu wa maisha. Kinachoachwa nje ni kwamba mtunzi huyo alikuwa mtu wa safari, na wimbo ulikuwa riziki yake kabla haujawa somo kwa yeyote.

Jijini Dar es Salaam, wanamuziki wa NUTA Jazz, bendi ya jumuiya ya wafanyakazi iliyoanzishwa mwaka 1964, walipokea mshahara wa mwezi. Bendi za Morogoro, yaani Cuban Marimba ya Salum Abdallah na Morogoro Jazz ambayo Mbaraka alijiunga nayo mwaka 1965, hazikuwa na mwajiri wa namna hiyo. Zilitegemea viingilio vya ukumbini, na mji mmoja chini ya milima ya Uluguru haukutosha kuzilisha. Ilibidi zifuate reli na barabara. Kwa mantiki hiyo, bendi inayojitaja jina ndani ya wimbo haijigambi tu. Inautafuta mji itakakopiga kesho.

Mfano mzuri ni “Expo 70”, wimbo uliotokana na safari ya Osaka, Japani, mwaka 1970. Ni rahisi kuuita wimbo wa uzalendo, na haitakuwa kosa. Hata hivyo, kwa bendi ya mkoani, kutajwa kwa safari hiyo kulikuwa pia cheti cha kazi. “Jogoo la Shamba”, wimbo unaochota jina lake katika methali ya kumkejeli mtu wa shamba, nao unapata uzito mwingine ukikumbukwa kuwa waimbaji wenyewe walitoka nje ya jiji.

Suala la santuri ndilo lililopuuzwa zaidi. Tanzania haikuwa na kiwanda cha kuzichapa. Soko lake lilikuwa Nairobi. Mpaka wa Tanzania na Kenya ulifungwa mwaka 1977, na Januari 1979 Mbaraka, wakati huo akiongoza Super Volcano aliyoiunda mwaka 1973, alifariki katika ajali ya gari Mombasa, upande wa pili wa mpaka huo. Wahakiki huliweka tukio hilo katika sehemu ya wasifu, kisha hulisahau uchambuzi unapoanza. Hata “Shida”, wimbo uliopendwa Kenya kama ulivyopendwa nyumbani, bado huchambuliwa kana kwamba mwenye shida ni mhusika wa kubuni peke yake.