Mcheza Kwao Hutunzwa: Sanaa ya Melina Mercouri

Wahenga walinena kwamba mcheza kwao hutunzwa. Aghalabu methali hii hutumiwa kumwonya msanii apendaye majukwaa ya ugenini. Lakini afanyeje msanii ambaye ugenini ndiko anakotunzwa, na kwao anafutwa uraia? Swali hili laweza kuchunguzwa vyema katika kazi za Melina Mercouri, mwigizaji wa Ugiriki wa jukwaani na wa sinema, aliyezaliwa Athens mwaka 1920 na kufariki New York mwaka 1994.

Yafaa kwanza tukumbuke kwamba jukwaa ndilo lililomlea. Mwaka 1949, chini ya mwongozaji Karolos Koun, aliigiza Blanche katika A Streetcar Named Desire, tamthilia ya Mmarekani Tennessee Williams. Sinema yake ya kwanza, Stella, ilitoka mwaka 1955. Iliongozwa na Michael Cacoyannis, nayo ilitokana na tamthilia ya Iakovos Kambanellis. Stella ni mwimbaji anayekataa ndoa kwa kuwa aiona kifungo. Mwishowe mwanamume ampendaye anamngoja barabarani alfajiri, kisu mkononi. Stella hakimbii; amwendea. Mwanafunzi aliyesoma Mfalme Edipode katika tafsiri ya Samuel Mushi hatashindwa kuutambua ukoo wa tukio hili: ni tanzia ya kale ya Wagiriki iliyovaa nguo za siku hizi.

Jina lake lilienea duniani mwaka 1960 kwa sinema Never on Sunday, yaani Kamwe Isiwe Jumapili, iliyoongozwa na Jules Dassin, ambaye baadaye alikuwa mumewe. Kwa sinema hiyo alipata tuzo ya mwigizaji bora wa kike huko Cannes, akiigawana na Mfaransa Jeanne Moreau. Humo yeye ni Illya, malaya wa bandari ya Piraeus, mcheshi na mkarimu. Illya azipenda mno tanzia za kale, ila kila anapozisimulia huzipa mwisho mwema: watu wote wapatana na kwenda pwani kustarehe. Anatokea Mmarekani msomi, aitwaye Homer, atakaye kumfundisha Mgiriki huyu Ugiriki ni nini.

Mhakiki aweza kudai, na kwa haki, kwamba sinema hii iliuza picha rahisi ya nchi: bahari, mvinyo, na umaskini usioumiza. Nasi twalijua jambo hilo, kwa kuwa tumeona ngoma zetu zikikatwa vipande ili zimpendeze mgeni hotelini. Hata hivyo tusiihukumu kwa haraka. Anayechekwa ndani ya sinema ni msomi wa kigeni, si Illya. Kasoro, kwa maoni yangu, ni kwamba kicheko chenyewe ni kitamu mno. Mtazamaji wa mbali alitoka ukumbini akiimba wimbo wa Manos Hadjidakis, na ile kejeli akaiacha kitini.

Mwaka 1967 hadithi hiyohiyo ilipandishwa jukwaani Broadway kama mchezo wa nyimbo, Illya Darling. Ulifunguliwa tarehe 11 Aprili. Siku kumi baadaye, tarehe 21, makanali wa jeshi walinyakua serikali ya Ugiriki. Mercouri angaliweza kunyamaza, akaendelea kupigiwa makofi. Hakunyamaza. Mwezi Julai alivuliwa uraia, na mali yake ikataifishwa. Tangu hapo hadi utawala ule ulipoanguka mwaka 1974, alizunguka Ulaya na Marekani akiupinga. Hapa ndipo tuonapo thamani ya umaarufu uliopatikana ugenini. Waliokuja kumwona Illya akicheka walilazimika kusikia, kwa sauti ileile nzito, habari za magereza.

Aliporejea kwao, alirejea pia kwenye tanzia. Mwaka 1976 aliigiza Medea, na mwaka 1980 Klitemnestra katika Oresteia ya Aeschylus, akiongozwa tena na Koun. Mwigizaji ambaye dunia ilimjua kwa kumpatia Medea mwisho mwema sasa aliicheza Medea kwa mwisho wake wa kweli, watoto wakiwa maiti. Kwangu mimi, hilo ndilo jibu lake kwa lawama zote juu ya Illya.

Tangu mwaka 1981 hadi 1989, na tena kuanzia 1993 hadi kifo chake, alikuwa Waziri wa Utamaduni. Mwaka 1982, katika mkutano wa UNESCO huko Mexico, alidai zirudishwe sanamu za marumaru za Parthenon, zilizoanza kung'olewa na watu wa Lord Elgin mwaka 1801, na kununuliwa na serikali ya Uingereza mwaka 1816. Wapo wasemao kwamba waziri huyo alikuwa akiigiza tu. Na aigize! Ufundi wa kumfanya mgeni asikilize ndio uliokuwa kazi yake tangu ujana. Hakujaliwa kuziona zikirudi. Jumba jipya la Akropoli lilifunguliwa mwaka 2009, na mahali pa sanamu zilizokosekana pakawekwa nakala za plasta.

Turudi kwenye methali. Kutunza ni kumtuza mchezaji. Kutunza pia ni kuhifadhi. Mercouri alitunzwa ugenini, kisha akautumia utunzo huo kukitunza cha kwao. Basi mwalimu na mwanafunzi wasiishie kuuliza msanii wetu amechezea wapi. Waulize pia: alipokuwa amesikilizwa na dunia, alimsemea nani?