Baltazari asiyepiga makelele

Kila Noeli, katika misioni zetu, tunachagua kijana mwenye sauti kubwa ili acheze mufalme Baltazari. Anavaa kitenge kizuri, anapiga makelele, watu wanacheka, na hakuna anayetazama Mutoto. Mimi mwenyewe nimefundisha muchezo wa namna hiyo. Ndiyo sababu nilimutazama vizuri Eriq Ebouaney katika The Nativity Story, filme iliyoonyeshwa mara ya kwanza Vatikano, tarehe 26 Novemba 2006. Yeye ndiye Baltazari. Wafalme watatu wa filme hiyo wanachekesha kidogo njiani. Ebouaney anakubali kuchekesha. Lakini mbele ya Mutoto anajua kuwa mudogo.

Ni Mufaransa wa asili ya Kamerun, aliyezaliwa mwaka 1967. Wengi wanakumbuka uso wake bila kujua jina lake. Ni mwizi katika Femme Fatale ya Brian De Palma (2002), ni askari katika Kingdom of Heaven ya Ridley Scott (2005). Ana mwili mukubwa. Basi wanamupatia bunduki ao upanga, na maneno machache. Simulaumu, mutu sherti ale.

Sisi Wakongomani tulimujua katika Lumumba ya Raoul Peck (2000), filme iliyotengenezwa Zimbabwe na Msumbiji, kwa sababu kwetu kulikuwa vita. Wengine walitaka shujaa wa picha ya ukutani. Yeye alionyesha mutu mwenye haraka na hasira, anayechoka. Katika hotuba ya 30 Juni 1960, kwangu, anaonekana kujua mno kwamba anacheza jambo kubwa. Pahali anaponyamaza ninamuamini zaidi.

Lakini kazi yake ninayoipenda kupita zote ni Une saison en France ya Mahamat-Saleh Haroun, mutu wa Chad (2017). Anaitwa Abbas, mwalimu wa Kifaransa aliyekimbia vita ya Afrika ya Kati. Bibi yake aliuawa njiani. Karibu na Paris anauza mboga sokoni, analea watoto wawili, anangojea karatasi ambayo hatapewa. Mwili ule uliokodiwa kutisha watu, sasa anaukunja, kama mutu anayeomba radhi kwa kukaa katika nyumba ya wengine. Wandugu mapadri, mutu huyo tunamujua. Tangu mauaji ya Beni ya mwaka 2014 amepiga hodi kwetu, hata hapa Mutwanga: jana chaki mukononi, leo anatafuta pahali pa kulaza watoto. Sisi tunamuandika katika orodha ya maharagwe, hatumuulizi alifundisha darasa gani. Ebouaney alinifanya nione haya.

Mafratri na wakatekista wanaweza kuitazama. Lakini Etienne, rafiki wa Abbas, anajiwasha moto ndani ya ofisi ya wakimbizi. Musionyeshe sehemu hiyo kwa watoto, wala kwa watu waliofika juzi kutoka Oicha, bila padri kukaa nao na kuzungumuza nao kisha filme.