Manyani wa Adili na Udadisi wa Mtoto

Adili na Nduguze (1952) ya Shaaban Robert imezoeleka kufundishwa kama kisa cha husuda na msamaha. Hata hivyo, kinachoanzisha mgogoro wake ni mateso ya wanyama. Ikibali, mjumbe wa Mfalme Rai, amwona Adili akiwachapa manyani wawili usiku, naye Rai amwita Adili ajieleze. Kwa kitambo msomaji huwahurumia manyani hao kwa unyani wao. Kisha yafichuka kwamba ndio Hasidi na Mwivu, ndugu waliogeuzwa, na kwamba mapigo yatolewa kwa amri ya jini Huria. Hapo mnyama atoweka hadithini. Huruma yahamia kwa binadamu aliyefichwa ndani ya ngozi, na swali la awali, yaani kama nyani aliye nyani tu astahili kuchapwa, labaki bila jibu.

Upungufu huu si mdogo kwa msomaji mtoto. Achukuliwe mtoto wa Buruburu, mtaa wa mashariki ya Nairobi uliojengwa kwa awamu 5 kuanzia miaka ya 1970. Nyumba zimeshikana, na viumbe anaoweza kuwachunguza ni paka wa uani, mijusi ya ukutani, na kumbikumbi watokao baada ya mvua. Amng'oapo kumbikumbi mbawa, yamkini ataka tu kujua kama atatembea bila hizo. Huo ni udadisi ambao haujawa ukatili bado, na kinachoweza kuuzuia usivuke mpaka ni kufikiri kwamba kiumbe kilichomo mkononi huenda kinaumia. Hekaya iliyomfunza kumhurumia nyani kwa kuwa ni mtu haimfai hapa. Ndani ya kumbikumbi hamna mtu.

Wako watakaoilaumu lugha. Mtoto wa Nairobi husema "paka imelala", "mbwa imekufa", akimnyima mnyama upatanisho wa A-WA ambao Kiswahili sanifu humpa hata chawa. Hoja hiyo yavutia, lakini ni dhaifu mno: mtoto yuyo huyo aweza kumwekea paka maziwa, na msemaji fasaha wa pwani aweza kumpiga punda huku akimpatanisha barabara.

Lakini kwa haki ya Shaaban Robert, Rai alimtaka Adili ajieleze kabla hajajua manyani wale ni nani. Mwalimu angefanya vyema kulisimamisha somo papo hapo, siri ikiwa bado haijafichuka, na kuwauliza wanafunzi Adili ana haki gani ya kushika mjeledi.