Mhusika Aliyemmeza Mwigizaji: Baha wa "Machachari" na Mtoto wa Birere

Katika uhakiki wa sanaa za maonyesho, uigizaji wa watoto hutajwa kwa kupita tu, kana kwamba mtoto haigizi bali anacheza. Kazi ya Kamau Mbaya yadai jicho jingine. Kijana huyu wa Kenya alijulikana katika muongo wa 2010 kwa kuigiza Baha katika "Machachari", igizo la watoto lililorushwa na Citizen TV, akiwa pamoja na Malik Lemuel (Govi) na Ian Nene (Almasi). Igizo hilo liliwakutanisha watoto wa nyumba yenye uwezo na wale wa nyumba ya hali ya chini. Baha ni wa nyumba hii ya pili.

Nguvu ya uigizaji wake ni kuukataa unyonge. Baha haombi kuhurumiwa. Kicheko chatokana na ujanja wake, wala si na ufukara wa kwao. Hata hivyo, mafanikio hayo yalikuwa na gharama. Mwigizaji alikua mbele ya macho ya watazamaji, lakini jina la mhusika halikukua naye. Wanjiku Mburu, aliyeigiza mama yake, naye alibaki kujulikana kwa wengi kama Mama Baha. Jina likawa joho na pingu kwa wakati mmoja.

Lipo pia suala la lugha. Baha anaaminika kwa sababu usemi wake uko karibu na usemi wa watoto wa Nairobi. Mtoto wa Birere, mtaa wa biashara mjini Goma unaopakana na Rwanda, ambao sehemu yake ilifunikwa na lava ya Nyiragongo mnamo Januari 2002, angezitambua hila za Baha mara moja. Lakini asingeisikia lugha yake mwenyewe, ile isemayo "batoto" na kuchota msamiati katika Kifaransa.

Hivyo, kumpelekea mtoto huyo Baha aliyesanifishwa si jibu. Kilichompa Baha uhai ni ulimi wa mtaa wake. Birere nayo inastahili mhusika mwenye ulimi wa Birere; na atakayemwigiza anastahili, atakapobaleghe, kupewa jina la pili.